Mawingu Yasiyonyesha Mvua

(Mazungumzo ya redioni)

Leo twataka kuzungumza nanyi juu ya mawingu. Lakini si yale ambayo mkulima huyatazamia mwezi wa Machi, shamba likiwa tayari na mbegu ziko ghalani. Mawingu yetu ya leo yako mbali sana, katikati ya nyota, wala hayajapata kunyesha hata tone moja la mvua.

Ukitoka nje usiku wa giza, mbali na taa za mji, waweza kuyaona machache kwa macho yako. Ni madoa madogo ya nuru hafifu, kama moshi, au kama pumzi ya mtu juu ya kioo. Kwa karne nyingi watu waliyaona wakapita. Kisha akatokea mtu mmoja aliyeyaandika katika orodha, kwa sababu yalikuwa yakimsumbua katika kazi yake. Alitaka wenzake wayajue ili wayaepuke. Habari ya orodha hiyo, na jinsi ilivyogeuka kuwa hazina, ndiyo tunayotaka kuwaeleza jioni hii.

Tuanze na kitu tunachokijua. Kilimia ni kundi dogo la nyota zilizosongamana, ambalo wazee wetu wa pwani walilijua vema kabla ya kalenda za ukutani. Jina lenyewe latokana na kulima, maana kwa kulitazama watu walijua majira ya shamba. Methali yao yasema: Kilimia kikizama kwa jua, huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua, huzuka kwa jua. Yaani, kila mwaka kundi hili hutoweka upande wa machweo kwa majuma kadhaa, kisha huonekana tena alfajiri upande wa mashariki. Mtu aliyeangalia hali ya hewa wakati lilipotoweka alikisia hali itakayokuwa wakati wa kurudi kwake. Nao waliotafsiri Biblia kwa Kiswahili, walipofika katika Ayubu sura ya 38 na Amosi sura ya 5, walikuta kundi hilohilo limetajwa kwa Kiebrania, wakaliita kwa jina lake la nyumbani, Kilimia.

Je, kilimia kina nyota ngapi? Watu wengi huhesabu sita. Mwenye macho makali huona saba au zaidi. Mwaka wa 1610 Galileo Galilei wa Italia alichapisha kitabu kidogo kueleza aliyoyaona kwa darubini yake. Alipoielekeza kwenye kilimia, alichora nyota 36. Leo wataalamu wamehesabu zaidi ya 1,000 zilizo za kundi hilo. Zilizaliwa pamoja katika wingu moja, nazo zasafiri pamoja angani kama ndugu wa tumbo moja.

Na umbali wake je? Hapa kilomita hazitufai, kwa hiyo wataalamu hupima kwa nuru. Nuru huenda karibu kilomita 300,000 kwa sekunde moja. Mwendo ambao nuru husafiri kwa mwaka mzima ndio unaoitwa mwaka wa nuru. Kilimia kiko yapata miaka 440 ya nuru kutoka kwetu. Basi nuru ya kilimia iingiayo machoni mwetu usiku huu iliondoka huko kabla Wareno hawajaanza kujenga Ngome ya Yesu pale Mombasa mwaka wa 1593. Na hawa, ndugu zangu, ni majirani zetu wa karibu.

Galileo alitazama pia ule mkanda mweupe unaokatiza anga, uitwao Njia Nyeupe, akakuta kwamba umejaa nyota zisizohesabika. Tangu hapo watu wengi walifikiri kwamba kila doa jeupe la angani ni nyota nyingi zilizo mbali, na kwamba mtu akipata darubini kubwa ya kutosha atazitenganisha zote. Fikira hiyo ilikuwa na ukweli ndani yake, lakini haikuwa kweli yote, kama mtakavyosikia.

MADOA MENGINE YANAONEKANA

Kabla ya Galileo, mnamo mwaka wa 964, mtaalamu wa nyota aitwaye Abd al-Rahman al-Sufi aliandika kitabu juu ya nyota kule Isfahan, katika nchi ya Uajemi. Katika kundi liitwalo Andromeda alitaja wingu dogo. Hakuwa na darubini; aliliona kwa macho matupu, akaliandika, akaendelea na kazi yake. Tafadhali mlikumbuke wingu hilo dogo, maana tutalirudia.

Mwaka wa 1610 Mfaransa Peiresc aliona kwa darubini wingu lenye kung'aa katika Orioni. Mwaka wa 1677 kijana Mwingereza, Edmond Halley, akiwa katika kisiwa cha St Helena, alitazama kitu ambacho tangu zamani kilihesabiwa kuwa nyota moja katika kundi la Centauri. Aliona kwamba hakikuwa na umbo la nyota, bali kilikuwa na ukungu. Leo twajua kwamba kina nyota kama milioni 10, zimejikusanya kama nyuki waliotundikana mtini. Wataalamu hukiita Omega Centauri.

Halafu kazi ikafika katika bara letu. Mwaka wa 1751 Nicolas-Louis de Lacaille, mtaalamu wa nyota aliyekuwa pia shemasi katika Kanisa la Ufaransa, alifika Rasi ya Tumaini Jema, kusini mwa Afrika, kuipima mbingu isiyoonekana Ulaya. Darubini aliyoitumia kuorodhesha nyota ilikuwa ndogo kupita kiasi. Kioo chake cha mbele kilikuwa na upana wa nusu inchi tu. Kwa chombo hicho alipima mahali pa nyota karibu 10,000, na mwaka wa 1755 alichapisha orodha ya madoa 42 ya ukungu aliyoyaona katika mbingu ya kusini. Vijana wanaolalamika kwamba hawana vyombo vya kufanyia kazi na wakumbuke nusu inchi ile.

MWINDAJI WA NYOTA ZENYE MKIA

Sasa twaja kwa yule mtu wa orodha. Jina lake ni Charles Messier. Alizaliwa mwaka wa 1730 mashariki mwa Ufaransa, mtoto wa 10 kati ya watoto 12. Baba yake alifariki yeye akiwa na umri wa miaka 11. Mwaka wa 1751 alikwenda Paris kutafuta kazi. Hakuwa na elimu kubwa, lakini alikuwa na mwandiko mzuri na alijua kuchora, kwa hiyo mtaalamu mmoja wa nyota, Delisle, alimwajiri awe karani wake. Hapo ndipo alipojifunza kuangalia mbingu.

Wakati huo sifa kubwa ilikuwa ni kugundua nyota yenye mkia. Halley alikuwa ameeleza kwamba nyota moja ya namna hiyo ingerudi karibu mwaka wa 1758, na watu wengi walikuwa macho wakiitazamia. Sasa, nyota yenye mkia inapokuwa bado mbali haina mkia. Huonekana kama doa la ukungu tu. Itajulikanaje? Kwa mwendo wake. Usiku wa leo iko hapa; kesho, au kesho kutwa, imesogea kati ya nyota.

Tarehe 28 Agosti 1758 Messier aliona doa la namna hiyo katika kundi la nyota liitwalo Fahali. Bila shaka moyo ulimdunda. Akangoja usiku mwingine, na mwingine tena. Doa halikusogea. Lilikuwa wingu lililokaa mahali pake. Na ile nyota ya Halley iliyongojewa na mabingwa wa Paris ilionwa kwanza na mkulima wa Saxony, Ujerumani, Johann Georg Palitzsch, usiku wa Krismasi mwaka huohuo. Messier aliiona baada ya yapata mwezi mmoja.

Hapo Messier alifanya jambo la maana. Aliliandika lile doa lililomdanganya, mahali lilipo na sura yake, ili asidanganyike tena, wala mwingine asipotezewe muda. Likawa namba 1. Kila alipokuta doa jingine lisilosogea, aliliongeza. Mwaka wa 1764 peke yake aliandika karibu 40. Orodha ya kwanza, yenye vitu 45, ilichapishwa mwaka wa 1774, na namba ya 45 ilikuwa kilimia chetu. Orodha ya mwisho aliyoichapisha, ya mwaka wa 1781, ilikuwa na vitu 103, vingi vikiwa vimeletwa na mwenzake Pierre Méchain. Katika mwezi wa Novemba mwaka huo Messier alitumbukia katika ghala la barafu lililochimbwa chini ya ardhi, akavunjika mkono, paja na mbavu. Ilimchukua mwaka mzima kurudi kazini.

Angalieni alivyokuwa mwaminifu. Namba 13 aliieleza kuwa ni ukungu wa mviringo, akasema kwamba ana hakika hauna nyota ndani yake. Leo twajua una nyota mamia ya maelfu. Messier aliandika kile ambacho darubini yake ilimwonyesha, naye aliandika mahali penyewe kwa usahihi, hata aliyekuja nyuma yake na darubini kubwa aliweza kupafikia na kuona zaidi.

Messier aligundua nyota zenye mkia 13, na ndizo alizojivunia. Leo ni watu wachache wanaoweza kutaja hata moja. Bali orodha ya vitu vya kuepukwa hutumiwa ulimwenguni kote hata sasa, na vitu vyenyewe huitwa kwa herufi M ya jina lake na namba aliyovipa. Ile namba 1 iliyomdanganya? Ni mabaki ya nyota iliyolipuka. Wachina waliuona mlipuko huo mwaka wa 1054 wakauandika. Ilikuwa nyota mpya yenye kung'aa hata mchana. Mwaka wa 1968 wataalamu waligundua kwamba katikati ya wingu hilo kuna nyota ndogo iliyobaki, izungukayo yenyewe mara 30 kwa kila sekunde.

KAKA NA DADA

Mwaka huohuo wa 1781 nakala ya orodha ya Messier ilimfikia mtu mwingine, William Herschel. Huyu alikuwa mwanamuziki kutoka Hannover, Ujerumani, aliyehamia Uingereza akawa mpiga kinanda katika kanisa moja la mji wa Bath. Mchana alifundisha muziki. Usiku alitazama nyota. Darubini alijitengenezea mwenyewe, kwa kusugua vioo vya shaba iliyochanganywa na bati. Siku moja alisugua kioo saa 16 bila kuinua mikono, na dada yake Caroline akawa anamlisha chakula kinywani.

Na tuseme habari za dada huyu. Caroline Herschel aliugua homa kali akiwa na umri wa miaka 10, asikue tena vema. Kimo chake kilikuwa yapata mita 1.3 hivi. Nyumbani kwao ilifikiriwa kwamba hataolewa, basi akawekwa awe mtumishi wa nyumba. Kaka yake alimtoa huko mwaka wa 1772, akamfundisha kuimba, kisha hesabu, kisha nyota.

Kuanzia mwaka wa 1783 walifanya kazi hivi. William alipanda juu ya jukwaa lililo nje gizani, penye darubini yenye urefu wa futi 20. Caroline aliketi chumbani karibu na dirisha, mbele yake saa, taa, kalamu na vitabu vya nyota. William alipoona wingu aliita kwa sauti. Caroline aliandika saa, mahali na sura yake. Asubuhi, kaka akiwa amelala, dada alifanya hesabu zote na kunakili kwa mwandiko safi. Usiku wa tarehe 31 Desemba 1783, theluji ikiwa imefunika ardhi, alikimbia kutengeneza kitu kwenye darubini, akaanguka juu ya ndoana ya chuma ikamzama mguuni. Alipona, akaendelea.

Kwa miaka 20 hivi ndugu hawa wawili waliorodhesha vitu 2,500, ambapo Messier alikuwa na 103. Caroline mwenyewe aligundua nyota zenye mkia 8. Mwaka wa 1787 mfalme wa Uingereza alianza kumlipa pauni 50 kwa mwaka, na mwaka wa 1828 Chama cha Wanafalaki kilimpa nishani ya dhahabu. John, mwana wa William, aliipeleka kazi hiyo Rasi ya Tumaini Jema kati ya mwaka wa 1834 na 1838, akaandika vitu yapata 1,700 vya mbingu ya kusini.

Je, mawingu yote yalikuwa nyota? William alidhani hivyo kwanza, kwa maana mengi ya Messier yaligawanyika kuwa nyota alipoyatazama. Lakini tarehe 13 Novemba 1790 aliona nyota moja iliyozungukwa na wingu jembamba la mviringo. Nyota ni moja, iko katikati, na wingu ni lake. Haliwezi kuwa nyota za mbali. Basi akabadili mawazo yake mbele ya watu wote, akakiri kwamba yako mawingu yaliyo mawingu kweli. Mwaka wa 1864 Mwingereza William Huggins alipitisha nuru ya wingu moja katika kioo cha pembe tatu kigawanyacho rangi, akakuta mistari michache ya rangi, kama ile itokayo katika gesi iwakayo. Jambo likathibitishwa. Hata lile wingu la Orioni ni gesi na vumbi, na ndani yake nyota zinazaliwa hata sasa.

TAA ZA MBALI

Lakini wingu la al-Sufi, lile la Andromeda, halikutoa mistari ya gesi. Nuru yake ilifanana na nuru ya nyota, ila hakuna aliyeziona nyota zenyewe vizuri. Kule Ireland, mwaka wa 1845, Bwana mkubwa aitwaye Rosse alitazama moja ya mawingu ya Messier kwa darubini yenye kioo cha upana wa inchi 72, akaona umbo la kujizungusha, kama maji yanayozunguka yakiingia shimoni. Mengine yakaonekana kuwa na umbo hilo. Ni kitu gani haya? Ni mawingu madogo yaliyo humu kwetu, au ni makundi makubwa ya nyota yaliyo nje kabisa ya Njia Nyeupe? Bila kujua umbali, hakuna awezaye kujibu.

Fikirini taa ya karabai usiku, ng'ambo ya bonde. Ukijua nguvu ya taa ile, waweza kukisia umbali wake kwa jinsi ilivyofifia. Usipoijua, waweza kudhani kibatari cha karibu ni karabai ya mbali. Shida ya wataalamu ilikuwa hiyohiyo: walihitaji nyota ambayo nguvu yake yajulikana.

Ufunguo uliletwa na mwanamke mwingine. Henrietta Leavitt alifanya kazi katika chuo cha Harvard, Marekani, akichunguza picha za nyota zilizopigwa juu ya vipande vya kioo. Alikuwa mgumu wa kusikia, na kwa muda mrefu mshahara wake ulikuwa senti 30 za dola kwa saa. Alishughulika na nyota ambazo hung'aa na kufifia kwa zamu, zikirudia kila baada ya siku kadhaa. Mwaka wa 1912 alieleza, kwa nyota 25 za Wingu Dogo la Magellan, kwamba ile ichukuayo siku nyingi kumaliza zamu yake ndiyo yenye nguvu nyingi zaidi. Basi mtu akihesabu siku, ajua nguvu ya taa. Akijua nguvu, apata umbali.

Tarehe 26 Aprili 1920 mabingwa wawili walikutana Washington mbele ya wasomi. Harlow Shapley alisema Njia Nyeupe ni kubwa mno, na jua letu liko mbali na kitovu chake, na yale mawingu ya kujizungusha si makundi makubwa kama hilo letu. Heber Curtis alisema ni makundi kamili yaliyo mbali kabisa, na Njia Nyeupe ni ndogo. Baadaye ikaonekana kwamba Shapley alisema kweli juu ya jua na kitovu, na Curtis alisema kweli juu ya mawingu. Kila mmoja alikuwa na nusu ya jibu.

Mwezi wa Oktoba 1923 Edwin Hubble, katika mlima Wilson, California, alipiga picha ya wingu la Andromeda kwa darubini iliyokuwa kubwa kupita zote wakati huo, ya inchi 100. Katika kioo cha picha aliona nyota moja, akadhani ni nyota iliyowaka ghafula. Alipolinganisha na picha za zamani aliona kwamba hung'aa na kufifia kwa zamu. Ilikuwa taa ya Leavitt! Akahesabu siku, akapata umbali, na umbali huo ulivuka mipaka yote ya Njia Nyeupe. Habari zilisomwa mbele ya wataalamu tarehe 1 Januari 1925. Leavitt hakuzisikia, alikuwa amefariki mwaka wa 1921.

Leo vipimo vyasema kwamba Andromeda iko miaka ya nuru milioni 2 na nusu kutoka kwetu. Ni galaksi, yaani taifa zima la nyota, yenye mabilioni mengi ya nyota, na yetu ya Njia Nyeupe ni galaksi pia. Karibu 40 kati ya vitu vya orodha ya Messier vimekuwa galaksi kama hizo. Na darubini za leo, kama ile ya James Webb iliyorushwa angani tarehe 25 Desemba 2021, zaona galaksi zilizo mbali hata nuru yake imesafiri zaidi ya miaka bilioni 13.

Wala nchi yetu haikukosa sehemu. Tarehe 12 Desemba 1970, katika jukwaa la Waitalia lililokuwa baharini karibu na Malindi, ilirushwa setilaiti ya kwanza ulimwenguni iliyotengenezwa kwa kupima eksirei zitokazo katika nyota tu. Kwa kuwa siku ile ilikuwa sikukuu ya uhuru wa Kenya, waliiita Uhuru. Iliandika vitu 339 angani, nayo ilisaidia kuonyesha kwamba kati ya galaksi zilizokusanyika pamoja kuna gesi ya moto mkali mno. Orodha ile iliendelea kukua, safari hii kutoka bahari ya Ungwana.

TUTAZAME WENYEWE

Ndugu zetu, sisi tunaokaa penye mstari wa Ikweta tumependelewa katika jambo hili. Mtu wa London hawezi kamwe kuyaona Mawingu ya Magellan, na mtu wa kusini kabisa mwa New Zealand huona Andromeda kwa shida chini kwenye upeo. Sisi twaweza kuyaona yote bila kuhama.

Chagua usiku usio na mwezi. Nenda mahali pasipo na taa. Huko shambani ni bora kuliko Nairobi. Zima tochi, ungoje kama dakika 20 mpaka macho yazoee giza. Mwezi wa Januari, saa tatu usiku, kilimia kiko juu, upande wa kaskazini kidogo. Orioni yuko upande wa mashariki wa kilimia. Kusini mwa zile nyota tatu za mshipi kuna nyota ndogo zilizopangana, na ile ya katikati ina ukungu. Hilo ndilo wingu la gesi. Elekea kusini, chini karibu na upeo: ukiona kipande cheupe kama wingu lisilosogea, hilo ni Wingu Kubwa la Magellan, galaksi jirani. Mwezi wa Novemba, saa hiyohiyo, tafuta upande wa kaskazini doa hafifu la Andromeda. Na mwisho wa Mei, tazama kusini upate Omega Centauri. Ukiazima darubini ndogo ya mkono, ile ya macho mawili, utaona vizuri zaidi. Doa likiwa hafifu, usilikazie macho. Tazama kando yake kidogo, nalo litajitokeza.

Waiteni na watoto. Mtoto akiuliza swali ambalo hamna jibu lake, msimkemee. Mwambieni, "Hatujui bado, hebu tuandike." Al-Sufi aliandika wingu dogo, na jibu lilipatikana baada ya miaka karibu 960.

Tena tuwakumbuke watu wa kalamu. Katika kila shule, kila chama na kila ushirika yuko mtu anayeandika majina, tarehe na hesabu, na mara nyingi hakuna amwambiaye asante. Pengine ni katibu mzee, pengine ni mama aketiye nyuma na daftari lake. Messier alianza akiwa karani. Caroline aliketi dirishani akiandika aliyoyaona mwingine. Leavitt alihesabu vitone vyeusi juu ya vioo. Kama mmoja wao angaliandika kwa uvivu, au angaliacha kuandika jambo kwa sababu halikumpendeza, waliofuata wangalipotea njia. Basi wewe unayeshika daftari, andika kweli, andika kwa usahihi, hata lile usiloelewa maana yake. Aliye nyuma yako atalihitaji.

Wakati wetu umekwisha. Mwezi ukiwa umezama na mbingu ikiwa safi, tokeni nje kidogo kabla ya kulala, mkayatazame mawingu hayo. Mpaka juma lijalo, kwaherini, na usiku mwema.